Jani Lisilotulia

Jua halijapanda bado. Mbele ya nyumba yake hapa Kitengela, Nzula Wathome ameinamia mzigo wa majani ya viazi vitamu, anaupuliza polepole kama anayepoza uji wa mtoto.

Majani yanatikisika, yanatulia. Moja linaendelea kuyumba.

"Wewe shuka, tumekuona," anasema, na kuliinua kwa vidole viwili.

Si jani. Ni panzi wa kijani, mwenye mishipa ya jani mgongoni na hata doa la kahawia kama la jani linaloanza kukauka. Nzula anamweka kwenye ua wa michongoma.

"Upepo ukiisha, yeye bado anacheza. Hapo ndipo namshika."

Nzula, mama wa Mutindi na wengine watatu, huwauzia majani wanaofuga mbuzi wa maziwa kwenye ploti zao. Miaka tisa sasa, kazi hii ndiyo inalipa kodi ya nyumba.

Mwaka jana nusura iishe. Mbuzi wa Soila, mteja wake wa kwanza kabisa, alikula majani ya Nzula, akavimba tumbo, akafa. Soila amekulia kwenye mifugo, na tangu utotoni amesikia kwamba mnyama akimmeza panzi huyo hufura. Akaacha kununua. Majirani nao wakaacha.

"Sijui kama ilikuwa panzi ama umande, maana nao huvimbisha tumbo," Nzula anasema. "Lakini majani yalikuwa yangu. Ningebishana naye aje?"

Basi juzi mbuzi mpya wa Soila alizaa, na Soila ameitisha mzigo. Mmoja tu.

"Nikikosea leo, nimemalizana na mtaa wote."

Langoni kwake, Soila haupokei mzigo mara moja.

"Supa, Mama Mutindi," anamsalimu kwa Kimaasai. "Hakuna wageni humo ndani?"

"Supa oleng. Nimewafukuza. Lakini usiniamini mimi. Puliza."

Soila anacheka. Kisha anachuchumaa, anapuliza mpaka shuka inamteleza begani. Majani yanatulia.

Moja halitulii.

Wanawake hao wawili wanalitazama. Soila ndiye anayelichukua, na miguu miembamba inajikunjua kiganjani mwake.

"Huyu amekupita."

"Amenipita," Nzula anajibu.

Soila anamgeuza panzi huku na huku. "Na vile amejipamba." Anamweka juu ya ukuta, anafungua lango. "Ungeniambia hakuna, nisipulize, ningekuwa nimepoteza mbuzi tena. Sasa wewe utapuliza kwako, mimi nitapuliza hapa. Kesho lete miwili."

Nzula ana mpango wa kukodi kipande cha shamba kule Kisaju apande viazi vyake mwenyewe, aache kununua majani kwa watu.

"Niko na mbegu tayari," anasema, akikunja gunia lake tupu. "Lakini kona moja sitaikata. Hawa panzi nao wataenda wapi?"