Firigisi ya Mdogo Wangu

Nikipita sokoni hapa Morogoro nikasikia harufu ya firigisi zikikaangwa, wivu wa utotoni hunirudia.

Kwetu mlimani firigisi ni ya baba. Lakini daktari alipokuta tundu kwenye moyo wa mdogo wangu, baba akaanza kumwachia yeye, ati apate nguvu za kupasuliwa.

Siku moja nikapanda kilima mbio, nikamwendea mama nikihema.

"Mama, na mimi moyo unaenda mbio."

Akalaza sikio kifuani pangu, akasikiliza.

"Wako mzima, mwanangu. Kachote maji."

Wakati wa kula nikanuna. Mdogo wangu akanisogezea firigisi.

"Tubadilishane," akasema. "Wewe hii, mimi moyo wako."

Nikaila yote.