Boti Imechelewa

Kwenye televisheni ya Leta, yaani serikali, ninakokata na kuunganisha picha za habari, hakuna anayekufa bila ruhusa. Umeme wa Kisangani haukatiki, unapumzika. Barabara ya Bengamisa haijaharibika, inangoja kutengenezwa. Maneno hayo hutungwa na mkurugenzi wetu, asiyevua koti hata jua likichoma. Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Hawakuwahi kufanya kazi kwetu.

Basi, boti ya mbao iliyokuwa ikija mjini ilizama mtoni, na mke wa kameramani wetu alikuwemo. Rafiki wa mke huyo, aliyesafiri naye, aliogelea mpaka ukingoni, akaleta habari kwamba alimwona akizama. Mwili haukupatikana. Kameramani alimwomba mkurugenzi tutangaze ajali jioni ileile. Mkurugenzi, ambaye wakubwa wake hawakuwa wamempigia simu, akaandika sentensi moja: boti imechelewa. Msomaji wa habari akaisoma akitabasamu, kisha tukaonyesha semina ya waheshimiwa, na makofi niliyoyarefusha mimi kwa amri.

Nyumbani, kameramani alipotandika mikeka ya matanga, mama mkwe wake aliikunja.

“Televizyo ya Leta imesema boti iko mu retard. Weye unataka kulilia mutoto yangu, naye angali mu njia?”

Siku zikapita hivyo. Mume hana ruhusa ya kulia, na mama kila jioni yuko mbele ya habari zetu. Mimi na kameramani tukamwendea mkurugenzi, tukamtaka aje amwambie yule mama ukweli kwa mdomo wake mwenyewe. Nashangaa mpaka leo kwamba alikubali.

Alikuja na koti lake, akapewa kiti kizuri. Mezani palikuwa na pondu, yaani kisamvu, na samaki, chakula alichopikiwa binti aliyekuwa akingojwa.

“Papa Directeur,” mama akamuuliza, “mutoto yangu iko wapi?”

Mkurugenzi alimtazama kameramani, akanitazama mimi, akajifuta jasho. Nikadhani, huyu naye alizaliwa na mwanamke, atasema.

“Bon, mama. Boti iko mu retard kidogo.”

Mama akamgeukia mkwewe. “Umesikia?”

Kwa furaha akamsogezea mgeni sahani ya binti yake. Naye akanawa mikono, akala.