Makofi ya Mlangoni kwa Pőcze Barnabás

Pőcze Barnabás aliuawa mara kumi na moja kwenye filamu, na kila mara kabla watazamaji hawajamaliza kukaa. Kwenye jukwaa la mji wetu, kando ya mto Tisza huko Hungaria, hakufa, alifungua milango. Kwa miaka arobaini na moja alikuwa mtumishi, tarishi, askari wa zamu, padri wa kijijini anayeingia, anakula na kuondoka. Sura yake kila mtu aliijua, jina hakuna aliyelikumbuka. Siku moja sokoni muuza pilipili alimshika mkono.

"We mzee, si ndiwe uliyeleta ile barua jukwaani mwaka juzi?"

"Nilimletea mfalme, mama."

"Basi ndiwe!" Akamwongezea pilipili mbili.

Kwetu mwigizaji anayependwa hupigiwa makofi pale tu anapotokea mlangoni, kabla hajafungua kinywa. Husimama, huyaacha yaishe, ndipo huanza. Barnabás hakuwahi kuyapata. Hakulalamika kwa mtu, ila kwa Bi Etelka, mjane aliyekaa kwenye kishimo chini ya ukingo wa jukwaa akiwanong'onezea waigizaji maneno waliyoyasahau. Walikuwa wanakula mkate wa mafuta na vitunguu kilabuni.

"Mara moja tu, Etelka," alimwambia. "Nijue yanakuwaje. Halafu nikalale."

"Utalala tu, kwani nani anakuzuia?"

"Magoti."

Mwaka 1978, baridi ilipokwisha, orodha ya waigizaji wa msimu ujao ilibandikwa ubaoni karibu na ngazi. Jina lake halikuwamo. Aliisoma mara mbili, kama mtu anayetafuta miwani aliyoivaa, kisha akaenda kwa mama wa mavazi kuuliza kama angeweza kubaki na buti zake za jukwaani.

Onyesho lake la mwisho lilikuwa Jumapili alasiri. Kazi yake ilikuwa ile ile ya misimu mitatu: kufungua mlango wa mbao mbili, kusogea pembeni, kuinama na kusema, "Bwana mkubwa amefika." Kila mara hapo ndipo alipoingia Lóránt, nyota wetu, na ukumbi ukalipuka kwa makofi.

"Kofia na koti!" Lóránt alimwambia nyuma ya pazia, akampiga teke dogo la matakoni. Ndivyo waigizaji wetu wanavyotakiana heri. Barnabás hakumshukuru, maana kuishukuru heri hiyo ni mkosi.

"Leo nitachelewa kidogo, mzee."

"Lini uliwahi kuwahi?"

Nilikuwa safu ya sita. Saluni zote za mji zilikuwa zimeeneza habari kwamba mzee anaondoka, na hapakuwa na kiti kitupu. Mlango ukafunguka, akatokea. Makofi yakaanza juu kwenye roshani, yakashuka, yakatuenea sote.

Naye akafanya alichozoea. Alidhani Lóránt ameshatokea nyuma yake mlangoni. Akasogea pembeni, akatugeuzia mgongo, akauinamia mlango.

Mlango ulikuwa mtupu.

Tukazidi kupiga. Makofi yakashikana yakawa mdundo mmoja mzito, yale tunayowapa wakubwa tu, na yeye bado ameinama, akimngojea mwenye makofi apite.

Bi Etelka alinisimulia baadaye. Alimnong'onezea kutoka kishimoni, "Barna. Geuka."

"Huyu Lóránt yuko wapi?"

"Haji. Wanakupigia wewe."

"Acha utani, nimechoka."

"Ni wewe, mjinga wee! Geuka!"

Akageuka. Sijawahi kuona uso mtupu kama ule jukwaani: haukuwa wa mtumishi wala wa tarishi. Mikono haikujua pa kukaa. Akakinyoosha kiti kilichokuwa kimenyooka tayari. Kisha makofi yakaisha, naye akasema sentensi yake kwa sauti ile ile ya siku zote, na Lóránt akaingia kimya kimya, bila kofi hata moja.

Onyesho lilipokwisha nilimkuta kwenye chumba cha kuvalia, amekaa mbele ya kioo, ameweka miguu ndani ya beseni la maji ya moto. Bi Etelka alikuwa anamfuta rangi usoni kwa pamba.

"Yalidumu muda gani?" akauliza.

"Dakika mbili," nikasema.

"Na niliwapa mgongo kwa muda gani?"

Bi Etelka ndiye aliyejibu. "Karibu zote, Barna."

Alifumba macho akahesabu kimoyomoyo.

"Nusu dakika, basi," alisema. "Inatosha. Kumbe ni kazi ngumu kusimama tu pale. Niongezee maji, Etelka, haya yamepoa."