Mitalawanda ya Shangazi

Mwaka ule dada yangu alipojifungua, mji wa Amu ulijaa uvumi: kuna mwanamume aingiaye majumbani amevaa buibui, akijidai mkunga wa serikali. Hakuna aliyemwona, na kila mtu alimjua. Shangazi, aliyetulea tangu mama afariki, hakungoja ushahidi. Alasiri alitukusanya uani, mimi na wanawake wa majirani, tumevaa mitalawanda, vile viatu virefu vya mti vya kike tulivyovaa ndani ya nyumba, vyenye kijiti cha kubana baina ya vidole. Akatufundisha kukivua kimoja upesi na kupiga nacho.

"Si kitwa, hamtakifika," alituonya. "Pigani ugoko, hapa chini ya goti. Mtu mume hata awe simba, ugoko wake ni wa mtoto."

Niliyapenda masomo yale kuliko chuo cha Kurani, Mungu anisamehe.

Dada alikuwa bado ndani ya arobaini yake, hatoki wala haonekani, homa ilipompanda. Shangazi alimkanda, akamfukiza, akamsomea. Haikushuka. Dada akaanza kuwaita watu waliokwisha kufa. Niliogopa sana, kwani mama naye aliita hivyo hivyo kabla hajatuacha.

Ndipo hodi ikabishwa. Mlangoni alisimama mtu mrefu ndani ya buibui, mkoba mkononi.

"Mimi ni mkunga wa hospitali. Ninazunguka kuwaangalia waliojifungua."

Sauti ilikuwa nzito. Shangazi alinikonyeza, kisha akamwekea mgeni mitalawanda kizingitini.

"Karibu, Bi. Vua viatu, vaa hivi, ndoo upite ndani."

Ulikuwa mtihani. Kwa Shangazi, mwanamke aliyelelewa vyema hutembea kwa mitalawanda hata akiwa usingizini. Mgeni alipiga hatua moja, akayumba.

"Mtu mume!" Shangazi alipiga kelele, na mtalawanda wake ukatua ugokoni. Wangu ukafuata. Mgeni akaanguka, buibui likafunguka, tukamwona mwanamke wa bara, nywele amesuka, analia kwa maumivu.

"Kwetu hatuvai hivi," alisema. "Hata buibui nimeazima, ili msinifukuze."

Chumbani dada akamwita mama. Mkunga alisikiliza, kisha akajikokota mpaka kitandani akatoa sindano. Shangazi alimsimamia, mtalawanda juu.

"Nidunge mimi kwanda."

"Dawa niliyonayo ni ya mmoja, Bi. Nimdunge nani?"

Shangazi alimtazama dada. Akaelekeza kidevu kitandani, lakini mtalawanda hakuushusha mpaka sindano ilipotoka.

Mkunga alirudi siku zilizofuata, akichechemea, na kila mara Shangazi alimpekua mkoba. Hata homa iliposhuka na dada akaomba uji, Shangazi alininong'oneza kwamba labda ilikuwa ikiondoka yenyewe. Nilikasirika, lakini nani angembishia?

Dada alipomaliza arobaini yake, mkunga alikuja kuaga. Shangazi akamtolea mitalawanda mipya, aliyomchongeshea kwa fundi seremala. Akamshika mkono, akamzungusha uani, akimkaripia kila alipoyumba.

"Bi, mguu bado unaniuma," mkunga alilalamika. "Nitajifunza siku nyingine."

"Jifunze yeo," Shangazi alisema, bila kumwachia mkono. "Nyumba ya pili kuna mzazi ana homa, na waliomo humo niliwafundisha mimi."