Sambusa za Dagaa Jikoni kwa Mama

Juzi nilipita sokoni hapa Kibondo kutafuta nyanya, nikakutana na harufu ya dagaa wa Kigoma waliomwagwa juu ya turubai. Nyanya nikazisahau palepale. Nikanunua dagaa, nikapitia dukani kuchukua manda zilizofungwa tayari kwenye nailoni, nikaenda kukaanga sambusa mchana kweupe, wala haikuwa Ramadhani. Nilipoila ya kwanza nilianza kucheka peke yangu. Kaa hapo nikusimulie.

Sisi tulikulia Kasulu, nyuma ya duka la vitenge la baba. Baba ni mtu wa Tanga. Alikuja huku kununua maharage, akaondoka na maharage, kisha akarudi kuoa binti wa Kiha kutoka Nyakitonto, ndiye mama. Mama akasilimu, akajifunza pilau, akajifunza chapati, ila sambusa za dagaa alizibuni mwenyewe, maana nyama ilikuwa ya kubahatisha na dagaa hawakukosekana nyumbani.

Kazi ilianza asubuhi. Dagaa walichambuliwa kwenye ungo, vichwa huku, mchanga kule, kisha wakaoshwa kwa maji ya moto na kukamuliwa mpaka mikono iume, kwani dagaa mwenye maji huipasua manda. Halafu vitunguu vingi, tangawizi, pilipili, ndimu, na kijiko cha mawese. Hayo mawese ndiyo yalikuwa mambo yenyewe! Jiko zima lilinukia, na dagaa wakageuka rangi ya machungwa. Manda alizichoma mwenyewe kwenye kikaango, akazikata, akazikunja na kuzibandika kwa uji mzito wa ngano, huku akiimba kwa Kiha nyimbo za kupandia mahindi.

Mimi nilikuwa na cheo changu pale jikoni. Ramadhani nyumba nzima imefunga, nani ataonja chumvi? Mtoto. Ndiyo kazi waliyonipa, nami niliifanya kwa madaha, najing'ata midomo, natazama dari, ndipo natoa hukumu. Mama alisubiri hukumu ile kwa heshima zote.

Sasa Ramadhani moja Bibi, mama yake baba, akaja kutoka Tanga kututembelea kwa mara ya kwanza. Lo! Bibi alikuwa mwanamke wa kujisitiri, wa kunukia asumini, na hakuwa ameridhia mwanawe kuoa bara. Hakugomba wala hakutukana. Alichofanya ni kutomsemesha mama. Maneno yote aliyapitisha kwangu. "Mwambie mama yako aniletee maji ya kutawadha." Na mama amesimama pale pale, maji mkononi! Nami napeleka ujumbe hatua mbili, narudi na jibu. Mama alijibu kwa adabu, "Mwambie Bibi maji haya hapa," lakini akiingia jikoni alikaa juu ya kibao akikoroga sufuria ambayo haikuwa na haja ya kukorogwa. Alitamani neno moja tu limfikie bila kupitia kwa mtoto. Hata mimi, pamoja na udogo wangu, niliona.

Akaamua atampikia Bibi sambusa zake. Bibi alipochungulia karai akarudi nyuma. "Mwambie mama yako sambusa ni nyama. Dagaa wapewe kuku. Na hayo mafuta mekundu, pipa lake lilikuwa na kutu?"

Siku hiyohiyo Bibi alikuwa ameniamsha daku. "Mkubwa wewe, leo funga. Ukimaliza utakaa mkekani pembeni yangu." Nani akatae? Nikafunga. Ilipofika alasiri mama akaninyooshea kijiko kama kawaida, nikaziba mdomo kwa mikono miwili. Akashtuka, kisha akacheka, akanibusu utosini. "Funga, mwanangu. Lakini ulimi nitautoa wapi leo, na leo ndiyo leo?"

Akauona ulimi ng'ambo ya ua. Jirani yetu alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, Mkatoliki, mama wa watu mwenye kicheko cha kusikika mpaka stendi. Akaitwa, akaja na kanga yake kiunoni. "Mwakeye!" akasema, na jua lilikuwa limeshaanza kushuka, salamu hiyo ya Kiha ya asubuhi ndiyo aliyoipenda, basi aliitoa saa yoyote. Akaonja kijiko. "Chumvi bado." Mama akaongeza. "Inakaribia." Mama akaongeza tena kidogo. "Hapo sasa. Ila dada yangu, mbichi haisemi ukweli, nipe iliyokaangwa." Akapewa. Akaomba nyingine ya kuthibitisha ile ya kwanza. Bibi akatokea mlangoni.

"Mwambie mama yako, huyo anaonja au anatutangulia kufuturu?"

Mwalimu alicheka mpaka akashika ukuta. Mama hakucheka. Alikuwa anatazama sinia.

Adhana ikaita. Bibi akafungua kwa tende alizokuja nazo, akanywa uji, akachukua muhogo, akachukua na muhogo mwingine. Sinia la sambusa alilizunguka kama watu wanavyozunguka dimbwi. Baba alikula, mama hakugusa kitu. Mimi njaa ilikuwa imenitoa macho. Nikaing'ata sambusa ikiwa bado moto, ikaniunguza, nikaanza kuhema. Bibi akaninyang'anya kile kipande ili akipulize. Akapuliza. Mvuke wa ndimu na pilipili ukampanda puani. Akakitazama. Akakitia kinywani mwake!

Alitafuna taratibu mno. Kisha mkono ukaenda kwenye sinia, ukarudi, ukaenda tena.

"Mwanangu," akasema, "hawa dagaa umewafanyaje?"

Mama akanigeukia mimi, akisubiri nimletee ujumbe. Nami sikuwa nimetumwa kitu. Bibi alikuwa anamtazama yeye, uso kwa uso, na mafuta mekundu yapo kidevuni. Mama alipoelewa, machozi yakamtoka, akajibu yote kwa mkupuo, kuanzia mchanga mpaka mawese. "Na aliyeonja chumvi?" Bibi akauliza. "Yule jirani? Mwiteni, hawezi kuonja halafu akalala njaa." Mwalimu akaja mbio, kana kwamba alikuwa amekaa uani akingoja.

Basi kwa siku moja nikapoteza kazi mbili, ya kuonja na ya kupeleka maneno. Mama na Bibi hawakunitaka tena. Walikaa jikoni wakichambua dagaa na kunong'ona, nikiingia wananiambia nikacheze.

Mwalimu alihamishwa, na ule ua wa miti leo ni ukuta wa matofali, hata jirani akipika nini huwezi kujua. Bibi ameshatangulia mbele ya haki. Mpaka mwisho aliwaambia wageni wake Tanga kwamba sambusa za dagaa alifundishwa na mke wa mwanawe. Na mama, ukimsifia zake leo pale Kasulu, anakujibu bila kupepesa macho, "Nimefundishwa na mama mkwe wangu." Mimi nilikuwepo, najua nani alimfundisha nani. Simsahihishi.