Chumvi ya Mama Ndeshi

Siku yangu ya kwanza kazini, katika shule moja ya msingi huko Uru, nilimwuliza Mwalimu Mkuu vifaa vya sayansi viko wapi. Akanikabidhi boksi la chaki. "Maabara yetu ndiyo hii, mwalimu. Karibu sana."

Nikaanza kubeba vitu vya jikoni kwangu. Magadi yale ya kulainishia maharage, ukiyakamulia ndimu, hutoa povu: asidi imekutana na alkali, gesi imezaliwa. Fanya hivyo ndani ya chupa, uivalishe puto mdomoni, nalo litavimba lenyewe. Watoto walipiga kelele hadi darasa la jirani likaja kuchungulia dirishani.

Wiki iliyofuata akaja Mama Ndeshi, kanga kiunoni, amekasirika. "Mwalimu, binti yangu kamaliza chumvi ya nyumbani! Anasema umemtuma."

Nilijaza maji glasi mbili, moja nikaikorogea chumvi nyingi, kisha nikamwambia Ndeshi atumbukize mayai. La kwanza likazama. La maji ya chumvi likaelea, kwa kuwa chumvi huyafanya maji yawe mazito zaidi.

"Mae!" akashangaa mama yake. Akalisukuma kwa kidole, likarudi juu. Akaketi dawati la mbele mpaka kengele ikalia.

Baadaye nilihamishiwa Himo. Siku moja Mratibu Elimu Kata alinikuta nimefunika mshumaa kwa glasi, watoto wakisubiri uzimike kwa kukosa hewa.

"Mwalimu, mtihani hauulizi mishumaa. Fundisha ubaoni."

Nikatii. Miaka miwili niliandika, watoto wakanakili. Matokeo yakapanda, nikapewa cheti mbele ya wazazi. Nilikishika huku nikiona aibu ambayo sikumweleza mtu. Jumatatu yake nilirudi darasani na magadi na ndimu. Muhula haujaisha, barua ya uhamisho wa kwenda Kibosho ikanifikia. Huko ndiko nilikofundisha, kwa vitu vya jikoni, hadi nikastaafu.

Sasa niko kihambani, shamba letu la ukoo, na migomba yangu. Walimu vijana hupita, "Shikamoo, mwalimu," wakanionyesha majaribio kwenye simu. Ni mazuri, na yote yanafaulu. Mimi natamani ule ukimya wa kabla ya jambo kutokea: darasa zima limezuia pumzi, nami nimezuia yangu, maana kila mara niliogopa huenda lisitokee.