Jina Lililonyamazisha Kilio

Harufu ya omena, wale dagaa wa ziwani, wanaoanikwa juani bado hunirudisha kibarazani kwa dani, nyanya yetu mzaa baba, karibu na Bondo, katika ile miaka ya themanini. Nilikuwa na miaka tisa, na mdogo wangu alikuwa ndiyo kwanza amezaliwa. Kadi ya kliniki ilimwita Achieng, kwa kuwa alizaliwa adhuhuri. Kwetu hilo halikutosha. Mtoto hupewa pia jina la marehemu wa ukoo, na marehemu huchagua mwenyewe: mtoto akilia bila kukoma, majina huitwa moja moja, na lile litakalomnyamazisha ndilo lake.

Achieng alilia tangu asubuhi. Nilikuwa nimempakata mimi, maana nilijiona mama mdogo. Hata nepi nilimfunga mwenyewe. Dani akaita majina ya wazee, kilio kikazidi. Mwishowe, kwa sauti ndogo, akaita Abonyo. Huyo alikuwa binti yake, aliyefariki akiwa na miaka kumi na tisa kabla ya kuolewa, na msichana wa namna hiyo kwetu harithiwi jina. Papo hapo kidole changu kikagusa pini ya nepi. Ilikuwa imefunguka, inamchoma. Nikaichomoa. Akanyamaza.

Uso wa mama ulibadilika. Dani akanigeukia, akaniuliza taratibu, "Hakuna kitu umemfanyia?"

Niliogopa kichapo. Nikasema hakuna.

Tangu siku hiyo dani alilala na Achieng kitanda kimoja, akamwita "binti yangu", akamwekea kichwa cha samaki kila mlo. Mama naye alihesabu miaka. Achieng alipofika kumi na tisa, mama alimkataza kwenda chuo Maseno, akamweka nyumbani mwaka mzima kwa hofu. Nafasi ikapotea. Nilikuwa mtu mzima tayari, nikanyamaza, na hilo sijisamehei.

Mwezi uliopita Achieng alinipigia simu kutoka Kisumu. Dani alishazikwa zamani, na nepi za siku hizi hazina pini. Alikuwa amejifungua, na kabla ya kumpa mwanawe jina alitaka kuhakikisha habari ya lake.

"Sista, wewe ndiye ulikuwa umenishika. Ni kweli nilinyamaza kwa hilo jina?"

Nikamweleza habari ya pini. Nilingoja anitukane kwa ajili ya Maseno. Nikamsikia mtoto wake akilia.

"Kwa hivyo," akasema, "dani alinipenda bure."